Je, ugonjwa wa kusahau uko katika damu ya ukoo? Kazi ya Daktari Osuntokun

Tunapopita kaya kwa kaya, sisi wahudumu wa afya ya jamii huulizwa swali moja ambalo haliulizwi mbele ya watu. Mwenyeji anatusindikiza hadi njiani, anatazama nyuma, kisha anasema kwa sauti ya chini: "Hivi jambo hili liko katika damu yetu?" Anayesemwa amebaki ndani. Ni baba mkwe, au bibi mzaa mama, ambaye siku hizi anauliza neno moja mara kumi, anamwita mjukuu kwa jina la ndugu yake aliyefariki zamani, na juzi alikutwa karibu na barabara akisema anakwenda ziwani kutega nyavu.

Swali hilo si dogo. Kuna posa zimevunjika hapa kambini kwa sababu watu walisema "ukoo ule wakizeeka wanachanganyikiwa". Kuna wazee wanaofichwa ndani mchana kutwa ili majirani wasijue. Na kuna bibi wanaoitwa wachawi kwa kuwa tu wanazunguka usiku na kuongea peke yao. Kwa hiyo katika toleo hili nimeona nikueleze habari za daktari mmoja Mwafrika aliyeuliza swali hilo hilo, akalitafutia jibu kwa vipimo. Hakuwa Mrundi wala Mkongomani. Alikuwa Mnaijeria, lakini wazee aliowapima wanafanana na wetu kuliko wale wa Ulaya.

DAKTARI WA MIGUU INAYOWAKA MOTO

Benjamin Oluwakayode Osuntokun alizaliwa mwaka 1935 huko Okemesi, katika nchi ya Ekiti, kusini-magharibi mwa Nigeria. Alisoma udaktari Ibadan, akaenda Uingereza kujifunza magonjwa ya ubongo na mishipa ya fahamu, kisha akarudi nyumbani. Wakati huo madaktari bingwa wa ubongo katika Afrika yote kusini mwa Sahara walikuwa wa kuhesabika kwa vidole. Angeweza kubaki Ulaya. Alirudi Ibadan, akawa profesa, na huko ndiko alikofanya kazi yake.

Jina lake lilijulikana kwanza kwa sababu ya muhogo, na hapa naomba utulie kidogo, kwa sababu muhogo ni chakula chetu sote tuliotoka ng'ambo zote mbili za Ziwa Tanganyika. Katika miaka ya 1960 Osuntokun aliona wagonjwa wengi wenye malalamiko yanayofanana. Nyayo zinawaka kama zimekanyaga majivu ya moto, miguu inakufa ganzi, mtu anatembea akiyumba kama mlevi, macho yanafifia, masikio yanaziba. Wengi walikuwa maskini waliokula muhogo asubuhi na jioni, bila samaki, maharage wala nyama ya kutosha. Alipima damu yao akakuta mabaki ya sumu ya sianidi inayotokana na muhogo ambao haukuandaliwa vizuri. Maandishi yake ya mwaka 1968 juu ya ugonjwa huo yanasomwa na madaktari mpaka leo.

Ndugu yake ugonjwa huo ni konzo, unaopooza miguu ghafla. Konzo ulielezwa kwanza na madaktari huko Kongo mwaka 1938, na mwaka 1985 ulilipuka mkoani Mara, Tanzania, wakati wa ukame ambapo watu walifupisha siku za kuandaa muhogo mchungu. Basi mama, ukiona bibi yako analoweka muhogo mchungu siku tatu au nne, kisha anauanika juani mpaka ukauke kabisa, usimwambie anachelewesha chakula. Anatoa sumu. Ukipata ndagala au maharage ya kuulia, ni bora zaidi.

Nimeeleza habari ya muhogo kwa sababu inaonyesha tabia ya daktari huyu. Pale ambapo watu walisema "ni kurogwa" au "ni uzee", yeye alikwenda mpaka majumbani, akauliza mtu anakula nini, akapima. Katika miaka ya 1980 yeye na wenzake walipita mlango kwa mlango katika mji wa Igbo-Ora na kuchunguza watu karibu 19,000, kutafuta kifafa, kupooza, maumivu ya kichwa na magonjwa mengine ya ubongo. Kazi yenyewe ilikuwa kama hii tunayoifanya sisi kwa daftari na kalamu, ila yao ilikuwa kubwa zaidi.

WAZEE WA IDIKAN

Katika miaka hiyo vitabu vya udaktari vilisema kidogo sana juu ya Mwafrika na ugonjwa wa kusahau wa uzeeni, ambao madaktari huuita dimenshia. Aina yake iliyo ya kawaida zaidi huitwa ugonjwa wa Alzheimer. Wengine waliamini kuwa Waafrika hawaupati. Wengine walisema wanaupata ila wanakufa mapema kabla haujaonekana, au familia inauficha. Hakuna aliyekuwa amehesabu vizuri.

Mwaka 1992 Osuntokun, pamoja na Daktari Hugh Hendrie wa Chuo Kikuu cha Indiana, Marekani, walianza kuhesabu. Upande mmoja walichukua wazee wa Kiyoruba wa miaka 65 na zaidi katika mtaa wa Idikan, mjini Ibadan. Upande wa pili walichukua Wamarekani weusi wa umri huo katika mji wa Indianapolis. Kwa nini hao wawili? Kwa sababu babu zao wengi walitoka Afrika Magharibi, wakachukuliwa utumwani. Damu inakaribiana, lakini chakula, kazi na maisha vimetofautiana. Kama ugonjwa ni wa damu tupu, ungetegemea pande zote mbili zilingane.

Kulikuwa na kikwazo ambacho msomaji wa hapa atakielewa mara moja, nacho ni umri. Wazee wengi wa Idikan hawakuwa na cheti cha kuzaliwa, basi walipimwa kwa matukio: ulikuwa mkubwa kiasi gani wakati wa jambo fulani? Nasi tunafanya hivyo hivyo. Mzee wa Minago au Kizuka hatakupa tarehe, lakini atakuambia kama alikuwa ameanza kuchunga mbuzi Mwanamfalme Rwagasore alipouawa mwaka 1961, au kama alikuwa anabebwa mgongoni mwaka 1964 ziwa lilipopanda na kumeza nyumba za mwambaoni. Hapo unajua.

Kikwazo cha pili kilikuwa maswali. Vipimo vya Ulaya vinamtaka mtu aandike sentensi au ahesabu kurudi nyuma kwa saba. Mzee ambaye hakwenda shule ataanguka hata kama akili yake ni nzima kabisa. Walitumia maswali yasiyohitaji kusoma, na waliongeza jambo la busara: walimhoji pia ndugu anayeishi na mzee. Je, siku hizi anasahau alikoweka vitu? Anapotea katika njia aliyoizoea? Ameacha kazi aliyokuwa akiiweza?

Walichunguza wazee 2,494 Ibadan na 2,212 Indianapolis. Matokeo yalichapishwa mwaka 1995. Katika kila wazee 100 wa Ibadan, waliokuwa na dimenshia walikuwa karibu 2. Kule Indianapolis, kati ya wanaoishi majumbani, walikuwa karibu 5, na ukijumlisha walio katika nyumba za kulelea wazee, zaidi ya 8. Waliwafuatilia kwa miaka, na mwaka 2001 ikatangazwa kuwa wagonjwa wapya kwa mwaka walikuwa 1.35 katika kila 100 huko Ibadan, na 3.24 Indianapolis. Damu inayokaribiana, ugonjwa zaidi ya mara mbili.

HERUFI YA NNE

Sasa tuje kwenye damu yenyewe. Ndani ya mwili wa kila mtu kuna maagizo anayorithi kutoka kwa wazazi wake, nusu kwa baba na nusu kwa mama. Agizo moja huitwa jeni. Mwaka 1993 watafiti wa Chuo Kikuu cha Duke, Marekani, akiwemo daktari wa ubongo Allen Roses, walichunguza jeni moja iitwayo APOE, ambayo inahusika na kubeba mafuta mwilini na kwenye ubongo, na inayokuja kwa sura tatu: ya 2, ya 3 na ya 4. Kwa wazungu waliowachunguza, mwenye sura ya 4 alikuwa na hatari kubwa zaidi ya kupata Alzheimer, na mwenye mbili, yaani kutoka kwa baba na kwa mama, hatari yake ilikuwa kubwa zaidi tena.

Dunia ilisema: jibu limepatikana. Osuntokun na wenzake wakapima damu ya wazee wa Ibadan. Walikuta sura ya 4 ipo kwa wingi. Lakini wazee wenye ugonjwa hawakuwa nayo kuliko wazee wazima. Andiko hilo lilitoka mwaka 1995, mwaka ule ule Osuntokun alipofariki akiwa na miaka 60. Hakuufikia umri wa wazee aliowapima. Kazi iliendelezwa na mwanafunzi na mwenzake, Profesa Adesola Ogunniyi.

Ukisema "hao ni Wayoruba, sisi ni wa Afrika Mashariki", una haki ya kuuliza. Mwaka 1997 watafiti akina Julius Ogeng'o, Nilesh Patel, J. G. Sayi na Raj Kalaria walitoa matokeo ya wazee wa Afrika Mashariki, na picha ilikuwa ile ile: sura ya 4 ipo kwa wingi, na haikuwatenganisha wagonjwa na wazima. Tena Ogeng'o na wenzake walikuwa wameshaonyesha mwaka 1996 kuwa alama za Alzheimer zinapatikana katika bongo za wazee wa Afrika Mashariki kwa kiasi kinachokaribiana na wale wa mji wa Cleveland, Marekani. Kwa hiyo ile habari kwamba Mwafrika hapati ugonjwa huu iwekwe kando. Katika wilaya ya Hai, Kilimanjaro, mwaka 2010 walichunguzwa watu 1,198 wa miaka 70 na zaidi, ikaonekana zaidi ya 6 katika kila 100 wana dimenshia.

Sitaki nikudanganye kwamba damu haina neno lolote. Baada ya kufuatilia wazee wengi zaidi kwa miaka mingi, watafiti wa Ibadan na Indianapolis walieleza mwaka 2014 kuwa Wayoruba wenye sura ya 4 mbili wana hatari iliyoongezeka. Wenye moja tu, hapana. Na zipo koo chache sana duniani ambamo ugonjwa unapita moja kwa moja kutoka mzazi kwenda kwa mtoto. Koo zinazojulikana zaidi ziko Antioquia, nchini Kolombia, ambako daktari wa ubongo Francisco Lopera, aliyefariki mwaka 2024, alizifuatilia kwa miaka karibu 40. Huko mtoto wa mgonjwa ana nusu kwa nusu ya kuurithi, na watu huanza kusahau wakiwa na miaka arobaini na kitu, bado wanalea watoto wadogo. Wenyeji nao walidhani ni uchawi. Angalia tofauti: baba yako aliyeanza kusahau akiwa na miaka 78 hayuko katika kundi hilo.

Basi ukiniuliza pale njiani, jibu langu ni hili. Kuwa na mzee mwenye dimenshia si alama juu ya ukoo. Hakuna sababu ya kumkataa binti kwa ajili ya babu yake. Yapo mambo mengine yenye uzito, na mengi yanaweza kupunguzwa: shinikizo la damu lisilotibiwa, kisukari, sigara, pombe nyingi, kuumia kichwa, kutosikia, kutoona vizuri, huzuni ya muda mrefu, na kukaa peke yako. Jopo la wataalamu wa jarida la Lancet lilikadiria mwaka 2024 kuwa karibu nusu ya wagonjwa wote duniani wangeweza kuepushwa au kucheleweshwa kama mambo kama hayo yangeshughulikiwa mapema. Kukaa peke yako ni hatari, na hapa kambini ndivyo wengi wanavyomfanyia mzee, wakimficha ndani kwa aibu.

SI KILA KUCHANGANYIKIWA NI DIMENSHIA

Hapa naomba usome polepole. Dimenshia huja kidogo kidogo, kwa miezi na miaka. Mzee ambaye Jumapili alikuwa mzima, na Jumanne haongei la maana, anaona watu wasiokuwepo au analala asiamke vizuri, huyo ni mgonjwa wa dharura. Inaweza kuwa malaria kali, homa ya mapafu, maambukizi ya njia ya mkojo, kukosa maji mwilini, sukari kushuka, kiharusi, au dawa alizonunua dukani. Mlete zahanati siku hiyo hiyo, hata usiku. Usisubiri mganga amalize kazi yake. Hata anayesahau polepole anafaa kupimwa, kwa sababu huzuni kubwa, upungufu wa damu au wa vitamini, kaswende, virusi vya UKIMWI na tezi la shingoni vinaweza kufanana na dimenshia, na vina matibabu. Dimenshia yenyewe haina dawa ya kuiponya.

Usishangae ukimwona mhudumu anampangia mzee njiti nne za kiberiti na kumwomba apange vile vile, au anamwuliza daraja ni nini, leo ni siku gani, na ataje wanyama wengi awezavyo kwa dakika moja. Si mchezo wala dharau. Kipimo hicho kilitengenezwa kutokana na kazi ya Hai kwa ajili ya wazee wasiosoma. Nimesikia mzee mmoja akilalamika kwamba amepewa mtihani wa watoto. Alipanga njiti vizuri kabisa, kisha akazitia mfukoni.

Nyumbani, usibishane naye. Akisema mtumbwi unamngoja Rumonge, kumwambia "uko kambini, baba, na mtumbwi uliibiwa" ni kumpa msiba upya kila siku. Mwulize mtumbwi ulikuwa wa nani, walivua mukeke au ndagala, karabai walikuwa wanaziwasha saa ngapi. Atatulia. Moto wa kupikia usiachwe naye peke yake. Kadi ya mgao aishike mtu mwingine, na siku ya uhakiki aende na ndugu anayeweza kumsemea, mweleze mhusika mapema ili majibu yake yasichukuliwe kuwa uongo. Waambie majirani na balozi wa mtaa kuwa babu anasahau, wakimwona njiani wamrudishe. Na anayemhudumia, ambaye mara nyingi ni mkamwana au binti aliyeacha shule, apokezane na wengine. Hilo nalisema kwa kaka zangu hasa.

KUMBUKUMBU YA SHAMBA

Watu hushangaa kwamba mzee asiyejua kama amekula anaweza kusimulia mwaka 1972 hatua kwa hatua, jinsi walivyotoka Nyanza-Lac usiku. Si uongo, wala hajifanyi. Ugonjwa huanza kwa kufuta mambo mapya. Ya zamani hukaa muda mrefu zaidi. Lakini nayo huondoka, na hapa kuna jambo linalotuhusu sisi watu wa mwambao kuliko wengi.

Baada ya 1972 mashamba mengi ya michikichi ya Rumonge na Nyanza-Lac yalikaliwa na watu wengine. Waliorudi walipeleka madai yao mbele ya Tume ya Ardhi na Mali Nyingine iliyoanzishwa mwaka 2006, na mara nyingi ushahidi mkubwa ulikuwa mdomo wa mzee: mto gani, mwembe gani, jirani wa upande wa ziwa alikuwa nani. Aliyekuwa na miaka 20 mwaka 1972 sasa ana zaidi ya 70. Sisi tuliozaliwa kambini hatuujui mpaka huo, tumeusikia tu.

Kama mzee wako ameanza kusahau kidogo, mketishe sasa. Chagua asubuhi, akiwa amekula, kwa sababu jioni wengi wao huchanganyikiwa zaidi. Wawepo watu wawili au watatu, na mmoja aandike. Mwache aanzie anapotaka, hata kama anaanza na harusi ya dada yake, maana mipaka itakuja katikati ya hadithi. Majina ya majirani, mito, miti mikubwa, nani alipanda michikichi na mwaka gani. Usimsahihishe, usimpe jibu mdomoni, kwa kuwa mgonjwa wa kusahau hukubali haraka anachoambiwa, na maandishi ya namna hiyo huleta ugomvi kesho. Akirudia jambo moja kwa siku tatu tofauti bila kubadilisha, liwekee alama. Akichoka, acha, mpe uji, mrudie kesho.